MAISHA YA SAMUEL AJAYI CROWTHER, ASKOFU MWAFRIKA WA KWANZA WA KANISA LA KIANGLIKANA

Katika kitabu cha yubile ni desturi kuandika habari za watu waliotutangulia, ili watoto wetu wajue ni mikono ya nani iliyoijenga nyumba wanayoikalia. Wengi wao ni watu wa kwetu. Huyu nitakayemweleza hapa hakukanyaga nchi yetu wala hakuijua lugha yetu. Alikuwa mtu wa Afrika ya Magharibi. Lakini alikuwa mtumishi wa chama kilekile cha C.M.S. ambacho mtumishi wake Krapf alifika Mombasa mwaka wa 1844, na mambo yaliyompata yeye yaligusa Kanisa la Afrika yote, hata pande zetu hizi.

Tena ziko sababu nyingine za kusoma maisha yake. Watu hudhani ya kuwa sheria mbaya ikifutwa, ubaya wake nao umekwisha. Biashara ya watumwa ilipigwa marufuku, na mtoto huyu akafunguliwa minyororo, akasoma, akawa kasisi, akawa askofu. Hata hivyo, alipokuwa mzee wa miaka zaidi ya 80, alihukumiwa kwa rangi yake. Yafaa tuangalie kwa utulivu jinsi jambo hilo lilivyotokea, kwani halikutokea kwa fimbo wala kwa minyororo. Lilitokea kwa barua, kwa kamati, na kwa vitabu vya hesabu.

UTOTO NA UTUMWA

Ajayi alizaliwa yapata mwaka 1809 katika mji wa Osogun, katika nchi ya Wayoruba, ambayo leo ni sehemu ya Nigeria. Mwaka wa 1821, alipokuwa na umri wa miaka kumi na miwili au zaidi kidogo, mji wao ulivamiwa asubuhi, nyumba zikatiwa moto, na watu wakafungwa kamba shingoni. Ajayi alichukuliwa pamoja na mamaye na nduguze wadogo. Halafu wakagawanywa kama mali, kila mtu njia yake. Kijana yule aliuzwa mara nyingi. Mara moja bei yake ilikuwa farasi mmoja, mara nyingine ilikuwa tumbaku na pombe kali. Alikata tamaa, hata akajaribu usiku kujinyonga kwa kitambaa chake cha kiunoni, lakini mkono haukuthubutu.

Mwisho aliuzwa kwa Wareno huko Lagos. Mwezi wa Aprili, mwaka wa 1822, alipakiwa katika jahazi pamoja na watumwa wengine 186. Wakati ule Waingereza walikuwa wamekwisha kuikataza biashara ya watumwa, tangu 1807, na manowari zao zililinda pwani. Jahazi lile lilikamatwa na manowari iitwayo Myrmidon, na watumwa wale wakapelekwa Sierra Leone, katika mji wa Freetown, uliowekwa kuwa makao ya watu waliofunguliwa.

SIERRA LEONE

Ajayi aliwekwa katika kijiji cha Bathurst, akafundishwa kusoma. Baada ya miezi sita aliweza kukisoma Kitabu cha Agano Jipya mwenyewe. Alijifunza pia useremala. Tarehe 11 Desemba 1825 alibatizwa, akaitwa Samuel Crowther, jina la kasisi mmoja wa London aliyekuwa mshiriki wa kamati ya C.M.S. Jina la Ajayi hakuliacha.

Mwaka wa 1827 chuo cha Fourah Bay kilianzishwa, naye akawa miongoni mwa wanafunzi wake wa kwanza. Baadaye akawa mwalimu. Alimwoa Susan, ambaye jina lake la nyumbani lilikuwa Asano, aliyeokolewa baharini kama yeye. Mkewe naye akawa mwalimu. Basi walimu wetu wafahamu hili: kabla ya kuwa kasisi, Crowther alikuwa mwalimu wa shule za vijijini kwa muda wa miaka mingi, naye hakuiona kazi ile kuwa ndogo.

Mwaka wa 1841 serikali ya Uingereza ilituma merikebu katika mto Niger ili kufungua njia ya biashara ya halali na ya Injili. Crowther alikwenda pamoja na mmisionari Schön. Safari ile ilikuwa msiba mkubwa. Homa iliwashika karibu Wazungu wote, na wapatao 40 kati yao walikufa. Ndipo wakuu wa C.M.S. walipoona wazi ya kuwa kazi ya nchi za bara itawahitaji Waafrika wenyewe. Crowther akaitwa Uingereza asome, na mwaka wa 1843 akawekewa mikono na Askofu wa London, kwanza kuwa shemasi, kisha kuwa kasisi.

KURUDI KWAO

Mwaka wa 1845 alifika Badagry, na mwaka uliofuata Abeokuta, katika nchi ya Wayoruba, pamoja na wamisionari Townsend na Gollmer. Hapo lilitokea jambo ambalo hakulitazamia. Mwezi wa Agosti 1846 mamaye, Afala, aliletwa mbele yake. Walikuwa hawajaonana kwa muda wa miaka 25. Wote wawili walitazamana kimya wakitetemeka, wasiweze kunena neno. Mama yule naye alikuwa ameuzwa na kuuzwa tena. Mwanawe akakaa naye, na mwaka wa 1848 akabatizwa kwa jina la Hannah. Aliishi hata 1883.

Kazi kubwa ya Crowther ilikuwa lugha. Alikuwa amekwisha kutoa kamusi ya Kiyoruba mwaka wa 1843. Sasa akaanza kutafsiri Biblia. Hakutafsiri chumbani tu. Alikwenda sokoni, akasikiliza wazee, akaandika mithali na maneno ya mazishi, ya kilimo na ya dawa, ili Kiyoruba cha Biblia kiwe Kiyoruba cha watu. Biblia nzima ilikamilika mwaka wa 1884. Alitunga pia kitabu cha kwanza cha kusomea Kiibo, na vingine vya Kinupe. Mwaka wa 1854 alisafiri tena Niger pamoja na Daktari Baikie, na safari hii, kwa sababu ya kutumia kwinini, hakufa Mzungu hata mmoja. Mwaka wa 1857 misioni ya Onitsha ilianzishwa na Waafrika, chini ya kasisi J. C. Taylor, ambaye wazazi wake walikuwa Waibo waliokombolewa.

UASKOFU

Katibu wa C.M.S. huko London alikuwa Henry Venn. Yeye alifundisha ya kuwa kazi ya mmisionari ni kama ya jukwaa la mjenzi: nyumba ikiisha kusimama, jukwaa huondolewa. Kanisa lazima lijitawale, lijitegemee kwa fedha, na kujieneza lenyewe. Kwa hiyo alitaka Crowther awe askofu.

Lakini Townsend, aliyefanya kazi pamoja naye Abeokuta, alipinga. Aliandika London ya kuwa watu wenyewe hawatamheshimu askofu mweusi, na kwamba Mzungu ndiye anayepewa heshima hata na wenyeji. Angalia hoja hii vizuri, msomaji. Townsend hakusema Crowther hana elimu, wala hana imani, wala hana bidii. Mambo hayo yote alikuwa nayo. Alisema watu hawatamkubali. Hivyo ubaguzi wa mmoja ukavikwa nguo ya mwingine, na lawama ikawekwa juu ya watu wasiokuwapo kujibu.

Hata hivyo Venn alishinda, na tarehe 29 Juni 1864, katika Kanisa Kuu la Canterbury, Samuel Ajayi Crowther alifanywa askofu. Kanisa lilijaa. Katika mkutano ule alikuwapo mama mjane aliyemfundisha kusoma huko Bathurst, na yule nahodha wa manowari Myrmidon aliyelikamata jahazi lile, ambaye sasa alikuwa mzee. Chuo Kikuu cha Oxford kikampa cheo cha Daktari wa Theolojia.

Lakini ndani ya heshima ile palikuwa na upungufu. Aliitwa askofu wa nchi za Afrika ya Magharibi zilizo nje ya milki ya Malkia. Maana yake Lagos na Sierra Leone hazikuwa zake. Na Abeokuta na Ibadan, ambazo zilikuwa nje ya milki hiyo, hazikuwekwa kweli chini yake, kwa sababu wamisionari Wazungu wa huko hawakutaka kutawaliwa naye. Basi askofu Myoruba hakupewa Wayoruba. Alipewa Niger, nchi ya mataifa mengine, yenye lugha ambazo yeye mwenyewe ilimbidi kuzijifunza kama mgeni. Jina la uaskofu alipewa lote. Mamlaka alipewa nusu.

KAZI YA NIGER

Pamoja na hayo alifanya kazi. Alianzisha vituo Bonny, Brass, na penginepo katika mdomo wa mto, na vingine juu hata Lokoja. Huko Bonny watu waliacha desturi ya kuwaheshimu kenge kama watakatifu. Mwanawe Dandeson akawa arkidiakono wa sehemu ya pwani. Watenda kazi wake wote walikuwa Waafrika, wengi wakiwa watu wa Sierra Leone.

Shida zake zilikuwa nyingi. Hakuwa na meli yake. Alisafiri kwa meli za wafanya biashara, akingoja zipande na kushuka kwa majira ya maji. Nyumba yake ilikuwa Lagos, mbali na vituo vyake. Mwaka wa 1867 mtawala mmoja wa mtoni aitwaye Abokko alimteka na kumtaka ajikomboe kwa mali. Katika kumwokoa, balozi mdogo wa Kiingereza aliuawa. Katika hali kama ile, kati ya watenda kazi wake walikuwamo waliolegea, waliojiingiza katika biashara, na wachache waliofanya maovu ya kweli. Tusiyafiche haya. Askofu alikuwa mpole, na labda alisamehe mahali ambapo ilifaa kukata.

KUSHUSHWA KWAKE

Henry Venn alifariki mwaka wa 1873. Nyakati nazo zilibadilika. Kwinini iliwawezesha Wazungu kukaa bara, na ile hoja ya kwamba Waafrika ndio watakaoifanya kazi ikapoteza nguvu. Mataifa ya Ulaya yalikutana Berlin mwaka 1884 na 1885 ili kupatana juu ya Afrika. Na mwaka wa 1886 kampuni ya Goldie, iliyoitwa Royal Niger Company, ilipewa hati ya kutawala mto. Kila mahali Mwafrika aliyekuwa juu alionekana kuwa yuko mahali pasipo pake.

Kwanza walianza na mali. Misioni ilipopata meli yake, ambayo kwa ajabu iliitwa Henry Venn, usimamizi wake na wa fedha ulitiwa mikononi mwa Wazungu wasio makasisi, si katika mkono wa Askofu. Kisha likaja jambo la taarifa. Mwaka wa 1880 J. B. Wood, mmisionari Mzungu, alitumwa kuvichunguza vituo; akaandika mashtaka mazito juu ya watenda kazi, na taarifa ile ikasomwa na wengine kabla ya Askofu mwenyewe kuiona na kuijibu. Wahenga walisema msema pweke hakosi. Baadhi ya mashtaka yalikuwa na ukweli, mengine hayakuthibitishwa. Lakini yalipokwisha kuenea, yalihesabiwa yote kuwa kweli.

Halafu walikuja wamisionari vijana, Graham Wilmot Brooke na J. A. Robinson, wenye moto mwingi na ujuzi mdogo wa nchi. Umri wao wote wawili ukijumlishwa haukufikia umri wa Askofu. Mwezi wa Agosti 1890 Kamati ya Fedha ilikutana Onitsha, Askofu akiwa mwenyekiti. Katika mkutano ule makasisi na walimu Waafrika walishtakiwa mmoja baada ya mwingine, na Arkidiakono Dandeson, mwana wa Askofu, akatangazwa kuwa amesimamishwa kazi. Mzee yule aliuliza ni kwa mamlaka gani katibu wa kamati anawasimamisha makasisi, maana kazi hiyo ni ya askofu. Hakupata jibu la haki. Akajiuzulu katika kamati, akaondoka.

Huko Lagos na Freetown Wakristo Waafrika walihuzunika na kukasirika sana. Askofu mwenyewe hakulitenga Kanisa lake wala hakuwafundisha watu chuki. Alijitahidi kupanga jinsi makanisa ya pwani ya Niger yatakavyojitegemea. Lakini nguvu zake zilikuwa zimekwisha. Alipigwa na ugonjwa wa kupooza, akafariki Lagos tarehe 31 Desemba 1891. Na wale vijana wawili nao hawakukawia. Robinson alifariki huko Niger mwaka 1891, Brooke mwaka 1892.

MAMBO YALIYOFUATA

Watu wengi walingoja kuona ni nani atakayekirithi kiti kile. Alichaguliwa Mzungu, Joseph Sidney Hill. Waafrika wawili, Isaac Oluwole na Charles Phillips, walifanywa maaskofu mwaka wa 1893, lakini wasaidizi tu. Hill alifariki Lagos mwanzoni mwa 1894. Na hapo nafasi ilipofunguka tena, wasaidizi wale hawakupandishwa, bali aliletwa Mzungu mwingine, Tugwell.

Makanisa ya pwani, chini ya Dandeson Crowther, yaliamua mwaka wa 1892 kujitegemea yenyewe kwa fedha, yakawalipa makasisi wao wenyewe. Yalisimama. Yaani lile lililosemwa kwamba haliwezekani, lilikuwa likitendeka pale pale, siku zile zile. Lakini kila mara mtu alipotaja habari ya askofu Mwafrika mwenye dayosisi yake, aliambiwa aangalie yaliyotokea Niger. Hivyo udhalimu uliotendwa ukageuzwa kuwa ushahidi dhidi ya walioutendewa. Kwanza mtu alinyimwa meli, fedha na mamlaka; kisha akalaumiwa kwa kushindwa kutawala; kisha kushindwa kwake kukawa sababu ya kuwanyima watoto na wajukuu zake. Ndivyo jambo la namna hii lidumuvyo, hata baada ya wote waliolianzisha kufa.

Huko Nigeria ilipita miaka 60 na zaidi, hata mwaka wa 1952, ndipo Akinyele akawa askofu wa dayosisi ya Ibadan. Na kwetu Afrika ya Mashariki, Aberi Balya wa Uganda alifanywa askofu msaidizi mwaka wa 1947. Na mwaka wa 1955, huko Namirembe, Yohana Omari wa Tanganyika, na Festo Olang' na Obadiah Kariuki wa Kenya. Tangu 1864 hata 1955 ni miaka 91. Nao walianza kama wasaidizi.

Katika serikali mambo yalikuwa vivyo hivyo. Mjukuu wa Askofu, Herbert Macaulay, aliyezaliwa mwaka uleule wa 1864, alisoma uhandisi Uingereza, akarudi kuwa mpima ardhi wa serikali huko Lagos. Aliona ya kuwa Mzungu mwenye kazi ileile hupewa heshima na malipo mengine. Akaiacha kazi ile mwaka wa 1898, na baadaye, mwaka wa 1923, akaanzisha chama cha siasa. Babu aliyaona katika Kanisa, na mjukuu akayaona katika ofisi.

Tarehe 29 Juni 2014, miaka 150 kamili baada ya siku ile ya 1864, ilifanywa ibada Canterbury ya kumshukuru Mungu na ya kutubu, na Askofu Mkuu Justin Welby akakiri waziwazi ya kuwa Kanisa lilimkosea Crowther kwa sababu ya ubaguzi. Ungamo lile lilikuwa jema, ingawa lilichelewa.

MAFUNDISHO YAKE KWETU

Ndugu wasomaji, na hasa ninyi walimu, tukumbuke mambo matatu katika maisha haya.

La kwanza, Mzungu alipokosa huko Niger, ilisemwa kwamba fulani amekosa. Mwafrika alipokosa, ilisemwa kwamba Waafrika hawawezi. Mizani ilikuwa mbili. Tujiulize kama sisi nasi hatuna mizani mbili: kwa watu wa kabila jingine, kwa watoto wa wazazi maskini, kwa wanawake katika halmashauri zetu. Mwanafunzi akishindwa, ameshindwa yeye. Ukoo wake haukuketi katika mtihani.

La pili, mashtaka yasomwe mbele ya mshtakiwa. Halmashauri ya parokia inayopokea barua na kuhukumu bila kumwita mtu, hiyo inafanya kazi ileile ya Onitsha, hata kama wote wanaoketi mezani ni weusi.

La tatu, cheo kisicho na uwezo ni mtego. Ukimweka mtu kuwa mkuu, mpe na funguo. Ukimnyima funguo, usimwulize kwa nini mlango haukufunguliwa.

Askofu Crowther alichukuliwa utumwani akiwa mtoto asiyejua kusoma, akawaachia watu wake maandishi ya lugha yao na Biblia ndani yake. Wale waliomwondolea mamlaka hawakuweza kuyaondoa hayo. Hata leo Wayoruba wanasali kwa maneno ambayo aliyatafuta sokoni na kwa wazee, neno kwa neno, na Kanisa la nchi yake ni miongoni mwa makubwa kabisa ya Kianglikana duniani. Katika yubile hii tumshukuru Mungu kwa ajili yake, na tuitunze haki katika mambo madogo ya kila siku, katika shule, katika halmashauri na katika hesabu, kwa kuwa huko ndiko ilikopotea.